Kiboko cha Kaka

Wiki iliyopita nilipita Muhokya nikirudi nyumbani kwetu Kasese, na mbele ya duka moja mtu alikuwa ameanika kahawa juu ya turubai. Ilikuwa bado mbichimbichi, katika ile hatua ambapo ganda linaanza kuwa jeusi na harufu yake inakaribia ya pombe ya ndizi. Nilimwambia dereva wa boda asimame. Nikavua viatu vyangu vya kazini, nikaingia kwenye kahawa ya watu bila hata kubisha hodi. Mwenye duka akatoka na kikombe chake cha chai mkononi, akaniangalia miguu, akaniangalia uso, kisha akauliza kwa upole, "Mama, iko salama?" Nilimjibu kwamba niko salama kabisa, ila kahawa yake inataka kupinduliwa. Alisema nipindue basi, mradi nisiimwage. Nikapindua huku nacheka peke yangu, na dereva wa boda akajifanya hanijui.

Ili mwelewe kicheko changu, lazima nianze na neno "kaka". Najua huko kwenu kaka ni ndugu wa kiume. Kwetu sisi Wakonzo, Kaka ni bibi. Mpangaji mmoja kutoka Mombasa aliwahi kunisikia nikisema Kaka wangu hana meno ya mbele na amezaa watoto tisa, akamwita Mama kando na kumwuliza kama mtoto ana homa. Sikuwa na homa. Nilikuwa na Kaka, mama yake Baba, aliyeishi mlimani juu ya Bwera katika shamba lake la kahawa, na kwa muda mrefu nilimjua kwa kumsikia tu na kwa ndizi alizotutumia.

Nyumbani tulizungumza Kiswahili, kwa sababu Baba alikuwa Mkonzo na Mama alitoka Arua, na hakuna kati yao aliyekuwa tayari kushindwa. Nyumba yetu ilikuwa Nyamwamba, upande ule wenye joto ambapo upepo haukumbuki kuvuma mpaka jioni. Baba alikuwa fundi mwashi, na baada ya kanisa dini yake ya pili ilikuwa sementi. Alikuwa ameimwaga kila mahali: sebuleni, jikoni, uani, kutoka getini mpaka mlango wa choo. Ua wetu uling'aa. Majirani walikuja kuutazama Jumapili, na Baba aliwaonyesha jinsi maji yanavyotiririka bila kusimama hata mahali pamoja. Sababu ya mapenzi yale nilikuja kuijua baadaye. Baba alikulia kwenye vumbi lenye funza, na vidole vyake viwili vya mguu havikuwa na kucha. Tangu alipopata mshahara wake wa kwanza hakuna aliyemwona bila viatu. Hata kuoga nadhani alioga na gamubuti, yale mabuti yake ya mpira.

Mwaka mmoja mvua ilinyesha mlimani kupita kiasi, na asubuhi moja kipande cha mlima kikateremka na kuja kukaa katika jiko la Kaka. Yeye mwenyewe alikuwa kanisani. Baba aliposikia hakumaliza hata chai yake. Alikwenda Bwera na kurudi jioni na pikapu, na ndani yake alikuwa Kaka mwenyewe, begi moja, mkeka mmoja na jembe.

"Huyu hatarudi tena kule," Baba alimwambia Mama. "Atakaa hapa, mahali safi."

Kaka alishuka polepole. Alikuwa mwanamke mfupi, mpana wa nyayo, na vidole vyake vya miguu vilikuwa vimetawanyika kila kimoja kikienda njia yake. Alitembea uani, akafika katikati, akasimama na kutazama chini.

"Masereka," alimwita Baba kwa jina lake la kuzaliwa. "Chini ya kwako iko kama sahani."

Baba alifurahi sana. Aliendelea kulisimulia neno lile kwa mafundi wenzake kwa siku nyingi. Hakusikia alichosema Kaka baada ya hapo, kwa sababu tayari alikuwa anabeba begi ndani. Mimi nilisikia.

"Iko mzuri, iko safi. Lakini mtu atatembea juu ya sahani mpaka lini?"

Jembe lake liliegemezwa ukutani, na hapo likakaa bila kazi. Kaka naye akawekewa kiti kando yake, na naye akakaa bila kazi. Mchana sementi iliwaka moto mpaka sisi watoto tulikimbia juu yake kwa vidole vya miguu. Usiku ilitoa joto ililomeza mchana, na Kaka hakulala. Asubuhi alikuwa anapandisha miguu juu ya kiti na kuishika kwa mikono miwili kana kwamba ni ya mgonjwa fulani aliyepewa amtunze. Alianza kuacha chakula. Kwanza aliacha nusu, kisha akawa anaonja tu.

Mahali pamoja tu pale kwetu hapakuwa na sementi. Chini ya bomba Baba aliacha tundu dogo la kupitishia maji, na ndani yake palikuwa na udongo mweusi na majani machache yaliyojiotea. Siku moja nilimkuta Kaka amesimama pale, ameingiza vidole vya mguu mmoja ndani ya tundu, ameshika bomba na amefumba macho.

"Kaka, unaosha miguu?"

"Hapana, Biira. Miguu yangu inasikia njaa. Inakula kidogo."

Nilikuwa mtoto msikivu. Mtu mzima akiniambia miguu yake ina njaa, sikuwa na sababu ya kubishana. Baada ya chakula cha mchana, Kaka aliposinzia kitini, nilichukua bundu lililobaki, ule ugali wetu wa muhogo, nikaufinyanga matonge madogo na kuyapanga vizuri katikati ya vidole vyake. Nilipaka na sombe kidogo juu, mboga ya majani ya muhogo, maana hakuna anayependa bundu tupu. Kisha nikarudi nyuma kungoja nione miguu inavyokula. Waliokuja kula ni kuku wa jirani. Kaka aliamka akipiga yowe, kiti kikaanguka, kuku mmoja akapita juu ya kichwa cha Mama, na mimi nikapata kiboko.

Kumbukeni hicho kiboko. Kilikuwa fimbo nyembamba ya mpera, kilikaa juu ya kabati, na katika nyumba yetu kilikuwa na kazi mbili zinazojulikana: kwa mtoto anayechezea chakula na kwa mtoto anayekataa chakula.

Kwa kuwa bundu halikufaa, nilifikiri upya. Kama tundu dogo la bomba lilikuwa linamlisha kidogo, basi palihitajika mahali pa kumshibisha. Siku iliyofuata Mama alipokwenda sokoni nilimshika Kaka mkono nikampeleka mtoni. Mto Nyamwamba haukuwa mbali. Tulipofika alikaa juu ya jiwe, akavua kandambili alizonunuliwa na Baba, akaziweka kando kwa adabu kama mtu anayemuaga mgeni.

Sijasahau alivyoingia. Maji yale yanatoka juu kabisa mlimani, kwenye theluji, na hata Kasese, penye joto la kupasua midomo, bado yana baridi inayopanda mpaka magotini. Kaka alivuta pumzi kwa kelele. Kisha akaanza kutembea, akitafuta kwa nyayo kabla ya kukanyaga, na mimi nikimfuata. Mawe ya juu yalikuwa makavu na yenye kukwaruza. Ya chini ya maji yalikuwa na utelezi wa kijani, nikajifunza kukunja vidole ili nishike. Kati ya mawe palikuwa na mchanga mwembamba uliojaa katikati ya vidole na kutoka tena wenyewe. Kila mahali mguu ulipata habari mpya, na kichwa changu, ambacho mchana kwetu kilikuwa kizito na chenye usingizi, kiliamka kabisa. Nilisikia ndege. Nadhani ndege wale walikuwepo siku zote, lakini siku ile ndipo nilipowasikia.

"Umeona?" Kaka aliniambia. "Hapa hata ukiwa na mawazo, huna nafasi ya kuyafikiri. Mguu unakuita kila saa."

Tulirudi tumelowa, na Kaka alikula. Alikula samaki mzima. Kwa bahati mbaya Baba naye alirudi mapema akaona nguo zetu.

"Mulikuwa wapi?"

"Kwa mto," nikasema kwa fahari.

Baba alibadilika rangi. Watu wa Kasese mnajua kwa nini. Mto ule unaweza kulala kama mtoto na kesho yake kuamka na kubeba mitaa.

"Ile mto hapana!" alisema. "Ile mto ilibeba nyumba ya watu na mabati yake, itashindwa kubeba mzee? Mimi nilitoa wewe kwa mlima sababu ya maji, sasa unakuja kutafuta maji hapa!"

Hakuwa amekasirika, aliogopa. Mtoto hajui tofauti. Kaka aliijua, na kwa sababu hiyo hakubishana naye, wala hakwenda tena mtoni. Alirudi kwenye kiti chake. Na sasa hata kule kuonja aliacha. Alikunywa uji kidogo asubuhi ili tu Mama asihuzunike. Mikono yake ikawa myepesi. Alipelekwa kwa daktari, daktari akampima kila kitu, akasema hakuna ugonjwa. Baba alitamani apatikane hata na malaria. Jioni moja nilimsikia akimwambia Mama kwa sauti ambayo sikuwahi kuisikia kwake, "Nilimleta apone. Sasa ninamuua mimi mwenyewe."

Niliogopa sana. Nilianza kumhesabia Kaka pumzi akisinzia, na kila zilipochelewa nilimgusa mguu.

Ndipo alipokuja Mama Kavira. Alikuwa jirani yetu, mwanamke wa Butembo, mwenye rozari shingoni na biashara ya mawese na vitenge aliyokuwa akiivusha mpakani Mpondwe. Kinande chake na Kikonzo cha Kaka ni lugha moja iliyovaa nguo mbili, kwa hiyo, Baba akiwa kazini, alikuwa mtu pekee aliyekaa na Kaka na kuzungumza mpaka mambo yakaisha. Siku ile walikaa muda mrefu. Kisha Mama Kavira akaingia sebuleni kuzungumza na wazazi wangu, na mimi nilikuwa nje chini ya dirisha ninamenya maharage. Sikujificha. Maharage ndiyo yalikuwa pale.

"Baba Biira," alisema, "ile mumama hana ugonjwa. Mama yangu pia alikuwa vile, tulipomutoa ku shamba. Munasumbuka bure na daktari. Dawa yake iko moja tu."

"Gani?"

"Kiboko."

Maharage yalinimwagika.

"Kiboko?" Baba aliuliza, na nilimwona kupitia uwazi wa pazia akiinua kichwa. "Kweli?"

"Mumupe kiboko. Nyingi. Mumupe hapa inje, ku juwa. Mutaona, atakula mwenyewe bila kusukumwa."

Nilimngoja Mama akatae. Mama, mtu mwenye huruma vile, akasema, "Na mimi nilikuwa nafikiri hivyo hivyo, lakini niliogopa kusema."

Jamani. Niliona dunia ikipinduka. Lakini mtoto ana hesabu zake, na hesabu zangu zilikubali. Mimi nikikataa chakula napata kiboko. Kaka amekataa chakula. Hakuna aliyewahi kuniambia kuna umri ambapo mtu anasamehewa. Niliinuka, nikazunguka kwa mlango wa nyuma, nikapanda kiti, nikachukua ile fimbo ya mpera juu ya kabati na kwenda kuitupa chooni. Niliisikia ikifika chini. Nikarudi kwenye maharage nikiwa nimemwokoa Kaka wangu.

Wokovu ule haukufika hata jioni. Baba alitoka uani na simu, akisimama pale pale penye mtandao, karibu na bomba, akizungumza na mtu wa Bwera.

"Ndiyo, kiboko. Ya mzee. Leta gunia mbili." Akasikiliza. "Bado mbichi? Ah, hiyo hiyo mbichi ndiyo mzuri! Leta kesho asubuhi."

Gunia mbili. Fimbo za nyumbani hukaa moja moja juu ya kabati. Yeye Baba alikuwa anaagiza magunia. Na ziwe mbichi! Ninyi mliokua wakati wetu hamhitaji kuelezwa tofauti ya fimbo kavu na fimbo mbichi. Kavu inavunjika, mtu anapata bahati. Mbichi inajikunja na kurudi tena. Nilikwenda kwa Kaka, nikapiga magoti mbele ya kiti chake.

"Kaka, tafadhali kula. Kula sasa hivi. Kesho wanaleta kiboko."

Alifungua macho. "Kiboko? Ya wapi?"

"Ya Bwera."

"Ya kwangu?"

"Ndiyo, yote ni yako. Gunia mbili."

"Mbichi ao kavu?"

Ilinibidi niseme ukweli. "Mbichi."

Kaka wangu akatabasamu. Akaniwekea mkono kichwani, akatazama juu kwenye milima, ambayo jioni huwa inajitoa kwenye mawingu kidogo, na akasema, "Mungu iko." Usiku ule alilala, na alikoroma. Mimi ndiye niliyekesha. Niliona sasa akili yake imekwisha kabisa.

Asubuhi pikapu ilipopiga honi nilikuwa wa kwanza getini. Nilisimama katikati na kutandaza mikono. Dereva alikuwa ameshabeba gunia la kwanza begani, akasimama. Baba akaja nyuma yangu.

"Biira, toka njiani."

"Sitoki! Musimupige Kaka! Yeye iko mzee! Pigeni mimi, mimi ndiye niliwalisha kuku!"

Dereva alimtazama Baba kwa namna mpya kabisa, namna ya mtu anayetaka kuliteremsha gunia na kuita polisi. Kisha kamba ya gunia ikalegea, na begani mwake ikaanza kumwagika kahawa. Punje nyekundu, punje za kahawia, punje nyeusi zenye unyevu, zikaruka juu ya sementi ya Baba, zikabingirika mpaka kwenye miguu yangu.

Hiyo ndiyo kiboko. Kahawa iliyoanikwa na ganda lake, kwetu inaitwa kiboko, na kila mtu mlimani anajua hivyo tangu akinyonya. Mimi mtoto wa sementi sikuwahi kuambiwa. Ilikuwa mavuno ya Kaka mwenyewe, yaliyobaki kwa jirani yake na kuanza kuoza kwa mvua isiyokoma, na jua la Kasese lilikuwa hapa linachoma watu bure.

Mama Kavira aliyekuwa anachungulia juu ya ukuta ndiye aliyeelewa kwanza. Alicheka mpaka akashika ukuta kwa mikono yote miwili. "Mutoto anafikiri fimbo! Gunia mbili ya fimbo!" Baba akaelewa, akajaribu kukaza uso, akashindwa. Mama alicheka, kisha akaacha ghafla.

"Na ile fimbo yangu ya juu ya kabati iko wapi?"

Nikatazama upande wa choo. Basi hapo hata dereva akakaa chini kwa kicheko.

Lakini Kaka alikuwa ameshainuka kitini. Hakuna aliyemsaidia. Alipita katikati ya vicheko vyetu, akatandaza mkeka wake katikati ya ua, na mkeka ulipojaa akaacha kahawa iendelee mpaka juu ya sementi. Alisambaza kwa mikono, akafunga kitenge vizuri kiunoni, akavua kandambili na kuingia.

Kahawa haipinduliwi kwa kunyanyua mguu. Unaburuza. Unaingiza vidole chini ya punje, unasukuma mbele, na nyuma yako inabaki mistari miwili kama ya jembe. Kaka alianza pole, kama mtu anayejaribu kukumbuka wimbo. Alifika mwisho, akageuka. Mara ya pili mgongo wake ulikuwa umenyooka. Mara ya tatu mikono yake ilianza kucheza. Sauti ya punje ilikuwa ya mvua inayokuja kwa mbali juu ya migomba. Vile vidole vyake vilivyotawanyika, ambavyo nilivionea huruma, vilikuwa vimetawanyika kwa kazi hii. Kila kimoja kilipata punje zake.

"Njoo, Biira. Lisha miguu."

Niliingia. Punje za juu zilikuwa zimeshapata joto la jua, za chini zilikuwa baridi na zenye unato, na mguu ukizama unapita kwenye hali zote mbili kwa pamoja. Nyingine zilipasuka na kuacha utomvu mtamu. Zilinitekenya, kisha zikanikuna, kisha nikasahau kwamba nina miguu, nikawa natembea tu nyuma ya Kaka nikikanyaga mistari yake. Hofu ya usiku kucha ilinitoka. Sijui ilitokea wapi, labda kwa chini. Nilijikuta napumua kwa mwendo wake, na yeye alikuwa anapumua vizuri, kwa nguvu, wala sikuhitaji tena kuhesabu.

Baba alisimama ukingoni. Utomvu ulikuwa unatia madoa sakafu yake, madoa ya zambarau ambayo hayakutoka kamwe, na nilingoja aseme. Nilimwona anatazama miguu ya mama yake. Kisha akainama, akavuta gamubuti moja, akavuta la pili, akavua soksi, na nikaona kwa mara ya kwanza miguu ya baba yangu, myeupe, yenye vidole viwili bila kucha. Aliingia akiwa amekunja uso kama mtu anayeingia kwenye maji ya moto. Alivuruga kahawa vibaya sana.

"Nyosha mguu!" Kaka alimkemea. "Wewe ulikuwa unajua hii kazi mbele ya kujua kusema!"

Baba akaunyoosha. Wakatembea wote wawili, mama mbele na mwana nyuma, na Baba akawa anaimba kitu kwa Kikonzo, ambacho sijui alikuwa amekificha wapi miaka yote ile. Mchana Kaka alidai bundu. Alikula lake, akaongezewa, kisha akaangalia sahani yangu.

Kahawa ilikauka, kama kila kitu kinavyokauka Kasese. Ilirudi kwenye magunia na kwenda kinuni. Asubuhi iliyofuata Kaka alikaa tena kwenye kiti, na akapandisha tena miguu. Alijaribu kujificha tusimwone. Baba alikuwa anakunywa chai. Aliiweka chini, akaenda stoo, akarudi na mtalimbo.

Mama alipiga kelele kutoka jikoni aliposikia pigo la kwanza. Baba hakugeuka. Alipasua sementi yake mwenyewe, aliyoimwaga na kuilainisha kwa mkono wake, kutoka bombani mpaka karibu na geti, ukanda mrefu wa upana wa mkeka. Alitoa vipande kimoja kimoja. Udongo uliokuwa chini haukuwa umeona jua tangu nizaliwe, na uliponyunyiziwa maji ulitoa harufu iliyotufanya sote tusogee karibu. Kaka akaenda ukutani, akalichukua jembe lake.

Alipanda dodo, ule mchicha wetu, na mnanaa, akaacha njia katikati ya kutembelea asubuhi na jioni. Alikula vizuri, akanenepa, akagombana na Mama kuhusu chumvi. Baba alipomaliza kumjengea jiko jipya upande salama wa mlima, Kaka alirudi Bwera, na alikataa katakata sakafu ya sementi; alikandika udongo na samadi kwa mikono yake, na mimi nilikandika naye. Aliishi huko miaka mingi mizuri. Amelala kwenye kahawa yake sasa, na nikienda kumtembelea sivai viatu.

Alipoondoka kwetu, Mama alisema ule ukanda uzibwe, maana wageni wanacheka, fundi mzima na ua uliopasuka. Baba alikubali. Alisema ataziba, anangoja sementi. Mwaka uliofuata sementi ilikuwa imepanda bei. Mwaka mwingine ilikuwa haipatikani. Tulikua, tukaoa na kuolewa, na Baba alikuwa bado anangoja sementi.

Wiki iliyopita, baada ya kahawa ya Muhokya, nilifika nyumbani na nyayo zenye unato. Mama alikuwa sokoni. Nilizunguka nyuma nikamkuta Baba, mzee sasa, suruali imekunjwa mpaka magotini, viatu vyake vimepangwa vizuri juu ya sementi. Alikuwa katika ukanda wa Kaka, anatembea polepole kati ya mnanaa, akiburuza miguu, akinyoosha kila mguu. Alikuwa amefumba macho. Nyuma yake, chini ya paa la stoo, mifuko ya sementi ilikuwa imepangwa mpaka dirishani.

"Baba," nikamwita, "unafanya nini?"

Alifumbua macho. Hakutoka. Alitazama miguu yangu, akaona ilikotoka, akasogea kunipa nafasi.

"Nangoja sementi," alisema.